Wali wa Mtungi wa Juu

Habari hii nilipewa na mama mkwe wangu tukiwa tunatia kabichi chumvi kwa ajili ya baridi, mwaka ambao ulikuja kuwa wa mwisho kwake. Mikono yake haikuweza tena kugeuza kabichi, basi alikaa pembeni akisimulia na mimi nikigeuza. Watu wengi wamefika hapa nyumbani na madaftari yao kuuliza habari za mumewe, Tak Man-seop, yule aliyewafundisha wakulima kurutubisha shamba kwa ukungu wa msituni badala ya mbolea ya gunia. Wanauliza sanduku alilotegea ukungu lilikuwa na upana gani, lilikaa siku ngapi chini ya majani. Hajatokea hata mmoja akauliza wali uliokuwa ndani ulitoka wapi.

Ulikuwa mwaka uliofuata ule ukame mkubwa. Mama mkwe alikuwa na miaka ishirini na tisa, na watu walimwita Mama Sang-bong, kwa jina la mwanawe ambaye baadaye alinioa mimi. Alikuwa na binti pia, Mal-ran, wa miaka mitatu, akafa kwa kikohozi kabla theluji haijayeyuka. Mtoto mdogo kwetu hafanyiwi tambiko. Anazikwa kimya na jina lake linaachwa, maana wanasema roho yake ikipewa chakula haiondoki, na mwisho itamvuta na ndugu yake aliyebaki. Basi Mama Sang-bong hakumtaja. Alifua nguo zake ndogo, akazikunja, akaziweka chini kabisa ya kasha.

Shamba walilolima halikuwa lao. Lilikuwa la ukoo, shamba la waliotangulia, na anayelilima ndiye anayetoa mpunga wa matambiko yote ya mwaka. Miaka miwili mfululizo Man-seop alikuwa ameshindwa. Udongo ulikuwa mgumu kama sakafu. Akiongeza mbolea, mpunga ulisimama kijani kibichi wiki chache, kisha ukalala chini. Kaka yake mkubwa, Man-ho, ndiye aliyekuwa kichwa cha ukoo. Alikuja baada ya mazishi, akaketi, akanywa maji ya moto, akasema kwa upole kabisa kwamba mpunga wa matambiko usipotimia tena vuli hii, shamba atapewa binamu yao. Na mtu akinyang'anywa shamba la wazee, mama mkwe aliniambia, afadhali ahame kijiji, kwa sababu hata akipita kisimani watu wanapunguza sauti.

Man-seop hakubishana. Siku nyingi alipanda kwenye mianzi nyuma ya nyumba, akarudi na majani yaliyooza mfukoni, akawa anayanusa. Alimwambia mkewe kuwa kule juu hakuna aliyewahi kumwaga mbolea, na mianzi inakua hivyo hivyo. Mkewe akamwambia wazee hawatambikiwi kwa mianzi.

Halafu akaomba mchele. Nyumbani walikuwa wanakula uji wa shayiri na majani machungu ya pakanga, na mchele mweupe ulikuwa umebaki kibaba kimoja. Alitaka upikwe uwe mkavu, utiwe kwenye sanduku la mbao, ufunikwe karatasi, ufukiwe chini ya majani ya mianzi. Alisema udongo wa kule una wakazi wadogo wasioonekana, na ukiwaandalia chakula kizuri watakuja wenyewe, kisha utawahamishia shambani.

"Baba Sang-bong," mkewe alisema, "mtoto alikuomba wali mweupe mara ngapi?"

Man-seop akainamia majani yake.

"Amekufa na ladha ya shayiri mdomoni. Leo niupikie udongo?"

"Pika," akasema. Hakumtazama.

Akapika. Ukoko akampa Sang-bong, yeye hakuonja. Sanduku alilipeleka mwenyewe, na kamba ya mabua ya kulifungia akaisokota kuelekea kushoto, namna ile inayosokotwa kamba ya mlangoni mtoto akizaliwa, ili watu wasiguse.

Siku ya tatu mama yake Man-seop alikwenda kuchuma pakanga. Watu walimwita Bibi Sunae, kwa jina la kijiji alikozaliwa. Akaiona kamba. Akafungua, akakuta wali mweupe, na moyo wake ukaenda moja kwa moja kwa yule mtoto: mkwewe anamlisha marehemu kwa siri. Alirudi nyumbani, akachukua chumvi na maharagwe mekundu, vitu vinavyofukuza roho, akavimwaga juu ya wali na kufunga kamba kama ilivyokuwa. Usiku huo alimlaza Sang-bong kati yake na ukuta.

Siku ya tano Man-seop alifungua sanduku. Ndani mlikuwa na ute mweusi unaonuka, na maharagwe yamevimba. Alichukua harage moja, akalileta uani kwenye kiganja, akamwonyesha mkewe.

"Kama hukutaka, ungesema tu."

Mama Sang-bong hakuelewa alichoonyeshwa. Akaanza kusema si yeye, naye akasema nani mwingine alijua, na sauti zikapanda mpaka Bibi Sunae akatoka mlangoni.

"Ni mimi," akasema. "Mlitaka nifanye nini? Nimekuta wali mweupe kwenye mianzi, kamba ya kushoto. Mjukuu mmoja nimeshamzika."

Man-seop akaketi chini palepale, akamweleza mama yake taratibu, habari ya wale wakazi wa udongo. Bibi akasikiliza mpaka mwisho.

"Wasioonekana, wanaokula wali," akasema. "Na wewe ndiye uliyekuwa unanicheka nikiweka bakuli la maji alfajiri na kuomba." Kisha akamgeukia mkwewe. "Kwa nini uliisokota kushoto?"

"Sijui, Mama."

Bibi akarudi ndani.

Mchele wa kuanza upya haukuwepo, na majirani nao walikuwa na njaa ile ile. Miche ilikuwa imeshachipua kitaluni. Bibi Sunae alikaa mchana mzima akitazama rafu ya juu. Pale palikuwa na mtungi mdogo wa wazee wa nyumba. Kila vuli unajazwa mchele mpya, na hauguswi mpaka mpya mwingine upatikane. Hata binti aliyeolewa haonjeshwi wali wake. Jioni akaoga, akavaa nguo nyeupe, akasujudu, akaushusha.

"Miaka arobaini nimewajazia," akamwambia mwanawe. "Leo nimewapokonya. Usipoujaza vuli, mimi ndiye nitakayekwenda kusimama mbele yao. Na mpaka ujae, usingizi wangu hesabu umekwisha."

Safari hii kamba aliisokota mwenyewe, kuelekea kulia, kama kamba ya kawaida. Akalinda sanduku siku tano, na fimbo mkononi, akifukuza kuku. Mama Pil-rye wa nyumba ya chini akapita, akamuuliza, "Bibi Sunae, unaatamia nini huko?" Naye akamjibu, "Mwanangu. Nilipomzaa hakuiva vizuri."

Sanduku lilipofunguliwa, wali ulikuwa umeota manyoya meupe kama kifaranga, na harufu yake tamu kama hamira ya pombe ya mchele.  Man-seop akauchanganya na pumba na udongo, akafunika lundo lile kwa mabua mpaka likapata joto, kisha wakalisambaza shambani, wao watatu.

Ungedhani hapo mambo yalinyooka. Hayakunyooka. Kiangazi chote mpunga wao ulikuwa mfupi, wa rangi hafifu, pembeni ya mpunga wa jirani ulionawiri. Watu waliopita njiani walimwuliza Man-seop kama wageni wake wameshiba. Bibi Sunae alikwenda kuutazama kila asubuhi, macho mekundu. Akisinzia kidogo, aliona watu wa kale wameketi mezani, bakuli zao tupu, wote wanamtazama. Akakonda mpaka pete ikamtoka kidoleni. Mama Sang-bong alikuwa akimsikia akigeuka huku na huku, naye anakumbuka kwamba kamba ya kushoto ilikuwa yake.

Ikaja dhoruba ya kabla ya vuli. Mpunga wa jirani ukalala. Mpunga wao ulibaki umesimama, karibu wote. Ule mfupi ulikuwa na mizizi. Walipovuna, Man-ho alikuja na kibaba cha ukoo, akapima mwenyewe. Mpunga wa matambiko ukatimia. Man-seop akang'oa shina lililobaki, akamwonyesha kaka yake mizizi myeupe, udongo laini umening'inia. Man-ho hakuitazama.

"Mwaka mmoja tena," akasema, akaondoka na magunia.

Uliobaki ulitosha kujaza mtungi na kupika chungu kimoja. Majira ya baridi yangekuwa ya shayiri tena. Bibi Sunae akaujaza mtungi, akaurudisha juu, akasujudu mpaka goti likakataa kunyooka.

Jua likiwa bado lipo, Mama Sang-bong alichukua bakuli moja la wali mpya, akapanda kwenye mianzi. Hakufunga kamba yoyote. Aliliweka tu juu ya majani, pale pale lilipokuwa sanduku. Alipogeuka, mama mkwe wake alikuwa amesimama nyuma yake, mkono ndani ya mfuko wa aproni. Mama Sang-bong akadhani ni maharagwe. Akasimama mbele ya bakuli.

Bibi akatoa mkono. Alikuwa ameshika kijiko kidogo cha shaba.

"Hujamwekea kijiko," akasema. "Atakulaje?"

Wakateremka. Bibi Sunae alijilaza kwenye sakafu iliyopashwa moto kwa chini hata kabla giza halijaingia, akakoroma kama mtu aliyelima. Sang-bong akalala, kisha baba yake. Mama Sang-bong alibaki macho, akisikiliza mianzi. Aliogopa, aliniambia, hakuna siku aliyoogopa kama ile. Aliushika mguu wa mwanawe chini ya blanketi, akauona una joto, akaendelea kuushika, mpaka usingizi ukamchukua naye.