Uso Mwekundu wa Baukje

Dada yangu Baukje alianza kuwa mwekundu mbele za watu. Haukuwa wekundu wa aibu, maana Baukje na aibu hawajawahi kujuana. Ulianzia kifuani, ukapanda shingoni, ukajaa usoni hadi masikioni, kisha baada ya dakika chache ukashuka wenyewe. Alikuwa kiongozi wa bendi ya matarumbeta ya kijiji chetu cha Harkewerd, huku mkoani Friesland, na kiongozi wa bendi husimama pale ambapo kila jicho linamwona.

Mwanzoni watu walinong'ona. Kisha ikaja sherehe ya mwaka mpya. Baukje alionja kidogo tu ile pombe yetu ya mitishamba, uso ukawaka, akashika meza asianguke. Kuanzia siku hiyo kijiji kikawa kimeshaamua: Baukje ni mlevi.

Mwenyekiti wetu, Douwe Haitsma, mpiga tuba, lile tarumbeta letu kubwa kuliko yote, ndiye aliyejitwika kazi ya kumwambia. Alingoja mazoezi yaishe, akatuzuia sote ukumbini.

"Baukje, mimi na wewe ni watu wazima," akaanza. "Hakuna anayekuhukumu. Pumzika kidogo, upate msaada."

"Msaada wa nini?"

"Unajua mwenyewe."

"Sijui. Litoe, Douwe. Pumzi za kujaza tuba unazo, za kutamka neno moja zimekwisha?"

Wapiga ngoma wakacheka. Douwe akakunja uso. "Pombe. Haya, nimesema."

Baukje alitoa simu akampigia Jelle, polisi wa zamu, ambaye mkewe hupiga ngoma kwetu, akamwambia aje na kile kifaa cha kupima madereva. Jelle alifika akidhani kuna ajali. Dada yangu, uso bado mwekundu kama nyanya, akapuliza mbele yetu sote.

"Sifuri," Jelle akasema.

"Kwa sauti, baba. Mwenyekiti hasikii vizuri."

"Sifuri!"

Kisha Douwe akauliza, tena kwa upole wa kweli, "Sasa kama si pombe, Baukje, una nini?"

Dada yangu alichukua koti lake akatoka, nami nikamfuata hadi kwenye gari.

"Nynke," akaniambia, mikono kwenye usukani, "naharisha. Ni muda mrefu sasa. Siku ya onyesho sithubutu kula kitu. Daktari alisema ni kukoma hedhi. Nikamwambia hedhi ilinikoma kabla sijaota mvi. Akasema basi ni mawazo."

"Mbona hukuniambia?"

"Ungenihurumia. Nikihurumiwa naumwa zaidi."

Asubuhi yake tulikwenda wote kwa yule daktari wa kijiji. Aliyarudia yaleyale: mawazo, umri, punguza kahawa. Huku kwetu bila daktari wa kijiji kukuandikia, humfikii daktari bingwa yeyote. Baukje akaweka mkoba sakafuni na kujikita kitini.

"Sitoki hapa mpaka unipeleke kwa mtu anayepima kwanza ndipo anajibu."

"Mama, tafadhali, kuna wagonjwa wanasubiri."

"Na mimi ni nani, mpaka rangi?"

Katika kubishana huko uso ukawaka. Daktari aliuona ukipanda kutoka kwenye ukosi wa blauzi hadi kwenye paji la uso. Akaacha kuandika. Akasogea, akamsikiliza moyo kwa muda mrefu, na aliporudi kitini sauti yake ilikuwa nyingine. "Nakupeleka mjini," akasema.

Mjini tulimkuta Daktari Oda Wolthuis, mwanamke mwembamba anayetafuna penseli. Alimpa Baukje kopo kubwa la kukusanyia mkojo wa siku nzima. Kopo likakaa kwenye friji ya Baukje jirani na maziwa, na shemeji yangu, mumewe, akagoma kunywa chai. Majibu ya mkojo yakaleta kipimo kingine, cha mashine. Walimdunga dawa iliyofungwa kwenye chembe ndogo ya mionzi. Dawa hiyo, alivyotueleza Daktari Oda, huzunguka mwilini ikitafuta aina moja tu ya uvimbe, na ikiupata hunasa hapo. Mashine nayo huona mionzi imejikusanya wapi.

Picha ilipotoka tuliiona kwenye kioo cha kompyuta. Nukta moja iling'aa kwenye utumbo mdogo. Nyingine kadhaa ziling'aa kwenye ini.

"Ni saratani," Daktari Oda akasema. "Ya aina inayokua polepole, lakini inamwaga homoni kwenye damu. Homoni hizo ndizo zinazokutia wekundu na kukuharisha. Pombe hata tone moja huzichokoza."

"Kwa hiyo si ulevi."

"Si ulevi."

"Wala si mawazo."

"Wala."

Baukje akacheka, akapiga meza kwa kiganja, na katikati ya kicheko machozi yakamtoka. Daktari akadhani hajaelewa, akaanza kueleza upya.

"Nimeelewa, mwanangu," dada yangu akamkatiza. "Sasa tunaipigaje?"

Kwa kisu isingewezekana kuitoa yote, ini lilikuwa limeshaingiliwa sana. Aliandikiwa sindano za kila mwezi za kuzibana zile homoni, kisha tiba yenyewe: dawa inayoifuata saratani kwa njia ileile ya kipimo, ila safari hii imebeba mionzi mikali inayofika umbali mdogo sana, ikiunguza uvimbe pale dawa iliponasa. Angepewa mara nne, akipumzishwa wiki kadhaa katikati.

"Siwezi kukuahidi kwamba utapona," Daktari Oda akasema. "Nakuahidi kuirudisha nyuma, nikiweza."

Mara ya kwanza ilimtesa. Kabla ya mionzi walimtundikia dripu ya kulinda figo, naye akatapika hadi akabaki mtupu. Mlango wa chumba ulikuwa mzito, wa kuzuia mionzi, kwa hiyo tuliongea kwa simu. "Wauguzi wananikimbia kama mdai kodi," akaniambia, sauti imekwisha, "lakini wananikimbia kwa adabu."

Habari ilimtangulia kijijini. Alhamisi, siku ya mazoezi, Douwe alisimama kabla hatujatoa ala kwenye makasha. "Tuna watoto humu, na Hanneke ana mimba. Mionzi si mchezo. Tutafute mtu wa kushika nafasi yake."

Mlango ukagongwa kwa nje. Si mlango hasa, lilikuwa dirisha kubwa linalotazama maegesho. Baukje alikuwa amesimama kwenye upepo wa Februari, kofia ya sufu hadi kwenye nyusi, fimbo ya kuongozea mkononi.

"Nimeambiwa siku hizi chache nisikaribiane na watoto na wajawazito!" akapaza sauti. "Sikuambiwa nisiongoze! Fungueni kidirisha cha juu, niwasikie. Haya, Hanneke, rudi nyuma kabisa. Ukurasa wa kwanza!"

Tukapiga. Alipokasirika aligonga kioo kwa kiganja. Tulipiga vibaya, wengine kwa kucheka, mimi kwa kulia, naye akaturudisha mwanzo tena na tena mpaka midomo yake ikawa ya bluu.

Mwezi wa tano, baada ya tiba ya pili, tulikwenda kwenye mashindano ya mkoa. Ukumbi ulijaa. Baukje alipanda jukwaani, na kabla hajainua fimbo, ule wekundu ukaja. Minong'ono ikapita kwenye viti vya mbele. Wa vijiji jirani nao walikuwa wameusikia umbea.

Aligeuka, akachukua kipaza sauti cha mtangazaji.

"Mnaotazama uso wangu, tazameni vizuri. Hii ni saratani. Si pombe, na sioni aibu. Mkishatosheka kutazama, sikilizeni."

Akaupa ukumbi mgongo na kuinua mikono. Sijawahi kumsikia Douwe akipiga kama siku ile, hata pumzi moja hakuikosea. Hatukushika nafasi ya kwanza. Baukje alikwenda kwa majaji kuwaambia wamekosea.

Baada ya tiba ya nne alipigwa picha tena. Nukta za kwenye ini zilikuwa zimesinyaa, mbili hazikuonekana kabisa. Ile ya utumbo ilibaki, ndogo. Daktari Oda alisema saratani ipo, imerudishwa nyuma, na wataendelea kuifuatilia miaka yote atakayokuwa hai. Wekundu humjia mara mojamoja. Anakula siku ya onyesho.

Douwe alikuja nyumbani kwake na mkate wa sukari, akaomba msamaha mlangoni akiwa ameshika kofia.

"Uliniita mlevi mbele ya watu," Baukje akamwambia. "Nenda kaombe mbele ya watu."

Alhamisi iliyofuata akaomba, amesimama, tuba imemkumbatia tumbo. Baukje alimsikiliza mpaka mwisho, akaitikia kwa kichwa, akatuamuru tufungue wimbo mpya, mgumu kuliko wote tuliowahi kupewa.