Kiporo cha Jumatatu

"Hakuna kitu, mama Yusra," alisema Mhina. "Ukurasa ni uleule."

Mwantumu hakuondoka. Alikuwa ametoka Chanika ya Handeni alfajiri na Yusra mgongoni, binti wa miaka saba anayebebwa kama mtoto mchanga, maana akitembea kidogo tu midomo humgeuka rangi. Moyo wake una tundu. Madaktari wageni waliokuwa Dar es Salaam wangeweza kuliziba, na kesho Ijumaa wanamaliza kazi. Daktari wa wodi huko Dar aliahidi kumwandikia kwa kompyuta nafasi ikipatikana. Handeni mtandao haukuwepo. Ulikuwa hapa Old Korogwe, kwenye lililokuwa duka la ushirika, ambamo sasa Mhina alikuwa na kompyuta zake tatu.

"Jana nimepiga simu hospitali, kwa simu ya posta," alisema Mwantumu. "Nesi kaniambia daktari ameshaandika. Wewe unasema hakuna. Nani muongo?"

"Si mimi, mama."

"Basi fungua tena."

Ukurasa ulifunguka hata kabla Mwantumu hajainamisha shingo kutazama. Hakuna barua mpya.

"Umeona inavyokimbia?" Mhina alishindwa kujizuia. "Kwa wenzangu mnasubiri mpaka mnasinzia. Mimi nimeiongezea akiba. Ikifungua ukurasa mara moja, inauweka. Ukiutaka tena inakupa palepale, haihangaiki na laini ya simu."

"Inauweka tangu lini?"

"Tangu Jumatatu ile uliyokuja, nilipoirekebisha."

"Kwa hiyo ni kiporo!" Sauti ilimpanda. "Mhina, mwanangu anakata roho, wewe unanipashia kiporo cha Jumatatu!"

Mzee aliyekaa kwenye kompyuta ya pili akacheka. Mhina naye alifungua mdomo acheke, akaufunga. Aliingia haraka kwenye mipangilio. Palipouliza mashine itafute kurasa mpya mara ngapi, yeye mwenyewe alikuwa amechagua "kamwe", ili iwe nyepesi. Akaweka "kila mara", akaipunguza ile akiba, akafuta yote iliyokuwemo.

Sasa ukurasa ulikuja kweli, kwa kujikokota, mstari mmoja, kisha mwingine. Mwantumu alipeleka mkono nyuma akatafuta pumzi ya mwanawe.

"Vuta pumzi, mwanangu. Vuta."

Barua zilikuwa mbili. Ya Jumanne: nafasi ipo, mlete mtoto. Ya jana: mbona kimya? Nisipopata jibu leo nampa mwingine.

Hiyo "leo" ilikuwa imeshapita.

"Andika: tunakuja," alisema Mwantumu.

Mhina aliandika, akatuma. "Mama, huenda kitanda kimeshachukuliwa. Tungesubiri kwanza ajibu."

Mwantumu alikuwa tayari anakaza kanga kifuani, fundo juu ya fundo, mguu mmoja nje.

"Subiri wewe. Kama ni hapana, ataniambia nikiwa mlangoni kwake, huku anamtazama mtoto."