Ngazi Iliyofanana Mno na Sakafu

Fundi alikuwa mwanamke wa makamo, mwembamba, mwenye vidole vilivyokakamaa kwa vanishi, na waliomjua walimwita Msasa. Wengine walidhani jina hilo limetokana na kazi yake ya kulainisha mbao. Waliowahi kumsimamisha mlangoni nusu saa wakitafuta funguo walijua limetokana na ulimi.

Safari hii aliitiwa ngazi. Mama mmoja, mtu wa maabara hospitalini, alikuwa ameikarabati nyumba yake ya ghorofa. Mafundi wengine walikwisha kumtandikia sakafu ya mbao ngumu chini na juu, mninga mtupu, kahawia iliyoiva, ubao umeshikana na ubao kuanzia mlango wa mbele mpaka jikoni. Walipomaliza wakaenda zao. Katikati ya uzuri wote huo ikabaki ngazi ya zamani, vipandio kumi na vinne vya mkangazi vilivyokaa chini ya zulia miaka nenda miaka rudi, vimepauka, vimetoboka kwa misumari, na gundi kuukuu imegandia kila pembe.

"Nyumba imekuwa kama mtu aliyevaa suti mpya na viatu vya kuazima," mwenye nyumba alimwambia siku ya kwanza. "Nataka ifanane, fundi. Nikisimama pale juu nisijue sakafu inaishia wapi na ngazi inaanzia wapi."

"Inawezekana," Msasa akajibu, huku amepiga magoti akikwaruza kipandio cha chini kwa ukucha. "Ila si kwa kununua kopo lililoandikwa mninga ukalipaka. Mkangazi unakunywa rangi kwa namna yake. Mchele mmoja, mapishi mbalimbali."

Sebuleni, kwenye kiti kilichokuwa karibu na dirisha, aliketi baba yake mwenye nyumba, mshonaji nguo aliyestaafu. Alikuwa amehamia kwa bintiye miezi minane iliyopita, baada ya kufiwa na mkewe, na chumba chake kilikuwa juu, upande wa barabarani. Shati lake lilipigwa pasi hata mikunjo ya mikono ikawa mikali kama kisu. Aliomba aletewe vipande vya mbao, akavipapasa kimoja kimoja.

"Hiki kimefumwa kwa kukaza," alisema akiinua kipande cha mninga. "Hiki kingine kimelegea. Utahangaika nacho, mwanangu."

Na kweli alihangaika. Siku tatu zilikwenda katika kung'oa misumari, kuziba matundu na kupiga msasa, kwanza ule mkali, kisha wa kati, kisha ule laini unaoacha vumbi kama unga. Majaribio ya rangi aliyafanya kwenye ubao wa ndani ya kabati lililo chini ya ngazi, mahali ambapo pakiharibika hakuna atakayeona. Akachanganya, akapaka, akasubiri ikauke, akatazama kwa mwanga wa asubuhi na wa taa. Mchanganyiko wa kwanza ulitoka mwekundu kama tofali. Wa tano ulikuwa mweusi. Wa kumi na moja aliupaka kwenye kipande cha mkangazi, akakiweka kando ya sakafu, akarudi nyuma hatua mbili. Alikuwa ameupata.

Kwa kuwa watu wa nyumba lazima wapande na kushuka, alipaka kipandio kimoja, akaruka kimoja. Siku hiyo mzee alikaa chumbani kwake mpaka rangi ikakauka. Kesho yake asubuhi ngazi ilikuwa na milia kama punda milia, kahawia, nyeupe, kahawia, nyeupe, na mzee akashuka. Msasa alikuwa mlangoni akikoroga kopo. Siku zote alikuwa amemwona akishuka polepole, kiganja ukutani, mguu ukitafuta mahali pa kutua, naye akadhani ni magoti, uzee hauji peke yake. Asubuhi hiyo mzee alishuka mikono iko nyuma ya mgongo, kama mkaguzi wa shule.

"Leo umeamka vizuri, baba," Msasa alimwambia.

"Ngazi yako imependeza," mzee akajibu. "Iache hivi hivi."

Msasa akacheka, akadhani ni mzaha. Akapaka vipandio vilivyobaki, na baadaye akapitisha vanishi mara tatu, kila mara akiisugua kidogo kabla ya kurudia.

Alhamisi asubuhi kazi ilikuwa imekwisha. Mwenye nyumba alisimama juu, mkono mdomoni. Ngazi ilitiririka kutoka kwenye ubao wa juu mpaka ukumbi wa chini, rangi moja, mng'ao mmoja, huwezi kusema huu ni mninga na ule ni mkangazi. Alipiga picha sita, akawatumia rafiki zake, akamshika fundi mikono yote miwili. Kisha akatazama saa na kukimbilia kazini.

Msasa alibaki kusafisha kabati la chini ya ngazi. Humo ndimo alimosikia, juu ya kichwa chake, kitu ambacho si hatua. Nguo iliburuzika, ikatua, ikanyamaza. Ikaburuzika tena. Alichungulia kwa upenyo wa mlango wa kabati.

Mzee alikuwa ameketi kwenye ngazi. Anashuka kwa makalio, kipandio baada ya kipandio, kama mtoto anayejifunza, viganja vikipapasa kila ukingo kabla ya kujiteremsha. Uso wake ulikuwa mtulivu. Alipofika karibu na chini alidhani amemaliza, akasimama, akajinyoosha shati, akatoa mguu mbele kwa imani. Kumbe kilikuwa kimebaki kipandio kimoja. Mguu ukaenda hewani, mwili ukafuata, na lau si nguzo ya mkono wa ngazi aliyoidaka kwa bahati, angelala kifudifudi.

Msasa alitoka kabatini roho ikiwa mkononi. Akamshika kiwiko, akamkalisha.

"Umeniona," mzee alisema mwishowe.

"Nimekuona, baba. Tangu lini huoni?"

"Naona. Naona mlango, naona wewe una kitambaa cheupe kichwani. Rangi mbili zikiwa jirani naziona. Zikiwa moja, kila kitu kinalala." Akaelekeza mkono kwenye ngazi bila kugeuka. "Hii sasa ni ukuta uliolala. Sijui wapi pana shimo."

Msasa alitazama kazi yake. Katika miaka ishirini na sita hakuwahi kufananisha mbao mbili vizuri hivyo.

"Binti yako anajua?"

"Hajui, wala usimwambie. Ataniteremshia kitanda kwenye kile chumba cha chini chenye masanduku, na mimi niwe sanduku mojawapo. Kule juu nasikia barabara. Nasikia watu wanapita, nawajua kwa viatu."

"Wahenga walisema, mficha maradhi, kifo kitamuumbua."

"Mimi sijaficha maradhi," mzee akasema. "Nimeficha macho tu."

"Haya, sitamwambia," Msasa akasema. Alimpandisha chumbani kwake, mkono kwa mkono, akakusanya makopo na kuondoka, na njia nzima alijiona kama mtu aliyechimba kisima mlangoni pa jirani, kisha akasifiwa kwa kisima.

Jumamosi alirudi kwa ukaguzi wa mwisho. Mwenye nyumba alimfungulia akiwa na kikombe cha tangawizi mkononi.

"Nampelekea baba. Ana mafua, siku ya pili hii hataki kushuka."

"Nipe nimpelekee mimi," Msasa akasema.

Alimkuta mzee dirishani, pua kavu, sauti safi. Akafunga mlango nyuma yake.

"Haya ni mafua ya ngazi."

Mzee akatabasamu kidogo, hakukana.

"Sikiliza, baba. Nilikuahidi sitasema, na sitasema. Lakini leo sitoki katika nyumba hii mpaka wewe mwenyewe useme. Nimeleta chakula changu, na sina kazi nyingine leo. Nitakaa pale chini niisugue ngazi mpaka iishe."

"Unanitisha na msasa?"

"Sina silaha nyingine."

Mzee alikunywa tangawizi yake mpaka mwisho, bila haraka. Kisha akasimama, akafunga kifungo cha juu cha shati kama mtu anayekwenda barazani kwa kesi, akatoka. Kwenye ncha ya ngazi alimwita bintiye. Mwenye nyumba akatokea chini, akifuta mikono.

"Baba, usishuke, una mafua."

"Sina mafua. Tazama ninavyoshuka."

Akaketi pale juu, na shati lake la pasi, akaanza kujiteremsha kwa makalio mbele ya macho ya mwanawe. Kwenye kipandio cha nne binti alikuwa ameshapanda, akapiga magoti mbele yake.

"Baba, unafanya nini? Umeumia?"

"Sioni ngazi, mwanangu. Nilikuwa naiona kidogo. Tangu ifanane na sakafu siioni kabisa."

Jambo la kwanza lililomtoka binti halikuwa zuri, na baadaye alilijutia. "Lakini mbona hukusema kabla sijaipaka?" Alipojisikia akafunika uso. Halafu akauliza kwa sauti nyingine, "Tangu lini?"

"Tangu mama yako yupo."

"Mama alijua?"

"Alijua zamani. Alikuwa ananitangulia, kila mahali, anaongea njia nzima. Ninyi mkidhani ana maneno mengi. Akisema 'mtaro huu mpaka lini watauziba,' najua hapa pana mtaro. Akisema 'jamani ngazi za hospitali hii,' nainua mguu. Mimi nilikuwa nafuata sauti."

Binti aliketi kando ya baba yake, kwenye kipandio kilekile, akalia bila kelele. Miaka ile yote alikuwa akimwambia mama yake apunguze maneno. Mzee alimpapasa mgongo, akatafuta bega, akalishika. Msasa alisimama juu yao, hana pa kupita, akajifanya anakagua reli.

Binti alijikaza kisabuni, akavuta kamasi, akainua kichwa. "Fundi, inarudishika ilivyokuwa?"

"Ikirudi ilivyokuwa, itakuwa mbaya na bado haitamfaa," Msasa akasema. "Ile nyeupe ya zamani aliiona kwa sababu ilikuwa jirani na kahawia. Rangi haina neno. Inatakiwa kila kipandio kimwonyeshe kinapoishia."

"Pindo," mzee alisema.

Wote wakamgeukia.

"Nguo ya rangi moja ukitaka mtu aone inapoishia, unaitia pindo la rangi nyingine. Nguo haiharibiki. Ukishona vizuri, ndipo inapopendeza."

Mchana huohuo Msasa alileta vipande vya mbao nyeupe vya upana mbalimbali, kisha yeye, binti na mzee wakageuza ngazi kuwa meza ya kukatia nguo. Binti alivishika kwenye ukingo wa vipandio, mzee akasimama juu akitazama. Upana wa kidole kimoja hakuuona. Vidole viwili aliuona taa ikiwaka tu. Vidole vitatu aliuona hata dirisha likiwa limefungwa, na alipoulizwa mara ya pili ili kuhakikisha, alisema, "Siwabembelezi. Kile nakiona."

Siku Msasa alipopitisha mashine ya kuchonga kwenye ukingo wa kipandio cha kwanza, alisimama kwanza kitambo. Vanishi ile, mara tatu, na mchanganyiko ule wa kumi na moja. Kisha akapiga moyo konde, akakata. Cha pili kilimwia chepesi zaidi, na kufikia cha tano alikuwa anaimba. Kila mfereji aliutia ubao wake mweupe kwa gundi, akaugonga kwa nyundo ya mbao, akaulaza kwa randa mpaka kidole kipite bila kukwama. Pale sakafu ya juu inapokutana na ngazi alitia ubao mpana zaidi, ili mtu ajue safari inaanza.

Wakati huohuo binti alimpeleka baba yake kwa daktari wa macho. Jicho la kushoto lilikuwa na mtoto wa jicho, likafanyiwa upasuaji na kupata nafuu. La kulia lilikuwa limechelewa, daktari hakuwapa matumaini ya uongo. Chumba cha juu hakikuguswa. Kilichobadilika ni kwamba binti alianza kuongea akitembea. Mwanzoni alikuwa anatangaza tu, "kipandio, kipandio, mlango," kama karani wa stesheni, mpaka mzee akamwomba aseme habari za watu.

Rafiki zake walipokuja kuiona ngazi, mmoja aliuliza ni mtindo wa wapi huo wa mistari. "Wa baba," alijibu.

Wiki mbili baada ya kumaliza, simu ya Msasa ililia. Alikuwa ni mzee mwenyewe.

"Fundi, ile ngazi yako. Kipandio cha tisa, upande wa kulia."

"Kina nini, baba?"

"Pindo limepanda. Unene wa uzi. Binti yangu anasema hakuna kitu, lakini yeye anatazama kwa macho."

Msasa alikumbuka. Siku ile ubao ule ulikuwa umemsumbua, jua limeanza kuzama, akajiambia hakuna atakayejua. Akafunga mkoba wake wa vifaa, akatia randa ndogo, akaenda kuurekebisha.