Dirisha la Mama Vailet

Herufi zilikuwa ndefu kama mtoto wa darasa la pili, zimejaza ukuta mzima: TUMEAMUA MBELE TU. Mwaka wa uchaguzi vijana wa kampeni walikuja na ngazi, na Damiani, mumewe Xaveria, akawatengea hata uji. Ukuta wake, unaoelekea barabarani! Alijiona mtu. Tangu hapo waendesha bodaboda wa Bagara wakaiita nyumba ile Mbele Tu, na Xaveria, Mama Vailet wa watu, akawa Mama Mbele Tu, apende asipende.

Sasa Damiani alikuwa amelala nyuma ya ukuta huohuo, kifua alichorudi nacho kutoka migodini kikimkoroma kama sufuria ya makande. Daktari hakumung'unya maneno: toboeni dirisha, la sivyo hafiki masika. Chumba kilibanwa na jiko huku na jirani kule. Upande wa nje ulikuwa mmoja tu.

Fundi Salvatory alipima kwa macho, akarudisha nyundo mfukoni.

"Dirisha litakula neno MBELE lote, mama. Siwezi."

"Kwani nani kakukataza?"

"Hajanikataza mtu. Lakini wakiuliza nani alitoboa, nitatajwa mimi."

Xaveria akaenda kwa mwenyekiti wa mtaa, Mzee Aminiel.

"Shikamoo."

"Marahaba, Mama Mbele Tu."

Mzee alimsikiliza, akakuna kidevu. "Mimi sijakataza. Wala sijaruhusu. Tungoje kidogo."

Ngoja ngoja huumiza matumbo, na huyu wa kwake alikuwa akiumia mapafu. Xaveria alirudi nyumbani amekabwa na hasira, na woga pia, jamani, maana hata yeye alishazoea kutomwaga maji machafu upande ule. Walioshinda uchaguzi walishasahau nyumba yake iko wapi. Basi alikuwa anamwogopa nani? Akachukua sururu, akaingia chumbani. Kwa ndani ukuta ulikuwa udongo mtupu, hauna hata herufi moja.

"Unafanya nini?" Damiani aliuliza.

"Nakupa hewa."

"Mama Vailet, wee! Utatuponza!"

"Jifunike uso, vumbi hilo."

Pigo la saba, tofali likaangukia nje. Upepo wa mlima Kwaraa ukaingia, ukapeperusha neti. Damiani akavuta pumzi ndefu, ndefu kuliko zote alizovuta tangu Krismasi, na Xaveria akaangusha sururu, machozi ya furaha yakimtiririka.

Mumewe akaitumia pumzi ile yote kuuliza:

"Nani ameona?"