Mama wa Bati

Anaclet alikuwa fundi bati, mtoto wa fundi bati, na jambo hilo alitaka kila mtu Brussels alijue. Ukikaa naye dakika tano tu, ameshakupandisha juu ya paa la kanisa la misheni kule Bukavu, aliposimama jogoo wa upepo aliyetengenezwa na baba yake. Mapadri walikuja na mchoro tu kutoka Ulaya, alisema. Baba ndiye aliyekata bati, akalipiga nyundo, akamsimamisha jogoo pale juu awakumbushe watu jinsi Petro alivyomkana Bwana, na wakati huohuo awaonyeshe mvua inatokea wapi. Mkewe Mathilde alikuwa ameisikia hadithi hiyo mpaka masikio yanamuuma.

Alipostaafu, Anaclet aligeuza balkoni yao ya Schaerbeek, mtaa wa Brussels, kuwa karakana. Alitengeneza sanamu za upepo kwa makopo ya nyanya na spoku za baiskeli. Upepo unasukuma mabawa manne, mabawa yanazungusha waya uliokunjwa kama goti, waya unamvuta mtu wa bati: huyu anapasua mbao kwa msumeno, yule anatwanga sombe, majani ya muhogo. Kati ya chuma na chuma aliweka shanga ili visisagane. Kazi safi, tusimnyime haki yake. Watu waliosubiri tramu ng'ambo ya barabara walipiga picha, naye akajifanya hawaoni, kumbe moyoni anachekelea.

Basi Jumapili moja baada ya misa, watu wa Kivu walikuwa wanakula kwa Maman Kasoki huko Evere, Anaclet akaanza tena na jogoo wake. Siku hiyo Mathilde alichoka.

"Bon, ubaambie na mwisho yake," akasema. "Baba yake aliipaka mawese! Vumbi ikashika, jogoo ikakwama. Miaka kumi inaangalia tu kwa jikoni ya bapadri, inasikia harufu ya kuku benzake!"

Weee! Watu walicheka mpaka mmoja akapaliwa na wali. Anaclet peke yake hakucheka. Alipangusa mdomo polepole, akaomba koti lake.

Wiki tatu hakusema na mkewe. Alikaa balkoni na mkasi wake wa bati, mlango umefungwa. Siku ya mlango kufunguka, Mathilde alitoka kuanika nguo, akasimama na beseni mkononi.

Juu ya nguzo kulikuwa na mwanamke wa bati. Alipakwa rangi ya pagne ya Mathilde ya Jumapili, kile kitenge cha maua mekundu juu ya buluu, hata kovu dogo la kidevuni Anaclet alikuwa amelichora. Mbele yake kilikuwa kitanda cha kubembeza mtoto. Upepo ulipovuma, mwanamke aliinama, akabembeza, akainuka, akainama tena. Na kitanda kilikuwa kitupu. Kilitobolewa chini makusudi, ili mtu wa barabarani aone mbingu ndani yake.

Jamani, kuna mzaha na kuna uchinjaji. Hawa wawili walipata mtoto mmoja tu, Bienaimé, akafa Bukavu ana miezi saba, na hawakupata mwingine. Miaka thelathini imepita, lakini watu wao bado waliwaita Papa Bienaimé na Maman Bienaimé. Jina hilo ndilo pekee lililobaki kumwambia Mathilde kwamba aliwahi kuwa mama.

"Papa Bienaimé, nakuomba. Shusha ile kitu."

"Kitu gani?"

"Bantu banacheka."

"Siku ile si mulicheka vilevile?" Anaclet akajibu, akiendelea kunywa chai. "Ni upepo njo unacheza. Miye nimefanya nini?"

Mathilde aliomba kwa machozi, akaomba kwa magoti. Maman Kasoki alikuja kusuluhisha, akatolewa nje kwa adabu. Kiangazi chote, akifunga madirisha, akiongeza sauti ya redio, Mathilde alimsikia yule mwanamke wa bati akifanya kazi yake: tik, tik, tik.

Novemba ilipofika, akakumbuka jogoo. Mumewe yuko dukani, Mathilde alipanda kiti, akapaka mawese kila kiungo, kwa wingi, kwa hasira. Mawese na baridi ya Ulaya mnajua wenyewe. Asubuhi ya barafu ya kwanza yalikuwa magumu kama mshumaa, na mwanamke wa bati alikwama ameinama. Mathilde alilala usingizi wa kweli siku tatu.

Siku ya nne Anaclet akaona. Akagusa kwa kidole, akanusa.

"Mawese!" akapiga kelele. "Unanifanyia kama jogoo ya baba yangu!"

Alitoka na birika la maji ya moto, singleti tu mwilini, akapanda kiti akitukana. Birika lilianguka kwanza. Mathilde alipofika, mdomo wa mumewe ulikuwa umekwenda upande, na mkono wa kuume umelegea. Kiharusi.

Alirudi kutoka hospitali kabla ya Pasaka, kwenye kiti cha magurudumu. Barafu na mawese vilikuwa vimeyeyuka, sanamu inafanya kazi tena, na kiti chake kilielekea dirishani. Bienaimé alikuwa mtoto wake pia. Hilo alilisahau wakati mikono yote miwili ilipokuwa mizima.

"Shu," alisema. "Shu-sha."

Antoinette, muuguzi Mbelgiji aliyekuja asubuhi kumwosha, aliuliza mzee anataka nini.

"Anapenda kuangalia kazi yake," Mathilde akamjibu kwa Kifaransa. "Msogeze karibu."

Muuguzi akamsogeza, akasema monsieur ana bahati kupata mke kama huyu.

Jumamosi Maman Kasoki alikuja na mikate. Aliangalia balkoni, akamwangalia mgonjwa.

"Maman Bienaimé, sasa nani anakukataza? Panda kwa kiti, ushushe ile kitu. Miye nakushikilia."

Mathilde alikwenda kwenye sanduku la vifaa. Kasoki alidhani anatafuta koleo. Akarudi na kichupa cha mafuta ya cherehani, yale yasiyoganda. Alipanda, akatia tone moja kwenye kila shanga, kama alivyomwona mumewe akifanya miaka yote, akazungusha mabawa kwa kidole. Yalikwenda laini kabisa. Kasoki aliacha chai yake nusu, akachukua mkoba, akaondoka bila kuaga.

Nyuma ya kioo Anaclet alikuwa analia kwa jicho moja. Mathilde aliingia, akampangusa kwa ncha ya pagne, taratibu, asimwumize.

"Ni upepo njo unacheza, Papa Bienaimé. Miye nimefanya nini?"

Kisha akavuta kiti, akakaa kando yake, wakaangalia kile kitanda kitupu wote wawili.