Kikohozi cha Shangazi

Shangazi aliinuka filamu ikiwa katikati, akazima televisheni, akanigeukia mimi. "Umeona? Hakimu mla rushwa, kapewa kikohozi changu!"

Nilikuwa nimeona. Ni kile kikohozi kidogo anachokohoa kabla hajasema uongo, na sebule nzima ilikitambua.

Mdogo wangu anaigiza filamu ughaibuni, na kila akipewa mtu wa kuigiza, anachota tabia za watu wa nyumbani. Hubadilika sura, sauti, hata kimo, mpaka wenyeji wa huko wanamsifu kwamba hajirudii. Atajirudiaje, na ukoo wetu ulivyo mkubwa? Mwendo wa baba mdogo wa kuburuta mguu alimpa jambazi. Kicheko cha mjomba kilikwenda kwa muuza dawa za kulevya. Mimi mwenyewe, dada yake niliyemfunga kamba za viatu, niliukuta msonyo wangu mdomoni mwa askari jela.

"Mpigie akome," alisema baba mdogo. "Mtaani wananiita Jambazi."

"Si umpigie wewe?"

"Wewe ndiye dada yake."

Ndiyo kazi yangu hiyo. Yeye anapigiwa makofi huko, mimi nabaki hapa kupokea lawama.

Lakini mimi nilikuwa namwangalia baba. Alikaa kwenye kiti chake cha dirishani, kafumba jicho moja, kama anavyofanya akimsikiliza mtu yeyote, mazoea ya fundi saa ya kuchungulia kwa jicho moja, ingawa kazi hiyo aliiacha zamani. Siku mdogo wangu alipoondoka kwenda kuigiza, baba alisema, "Sina mtoto wa vichekesho," akafunga mlango. Hawajazungumza tangu siku hiyo. Na sasa mdogo wangu alikuwa ameniomba nimpime mzee: akija nyumbani, atafunguliwa? Nilitaka baba aione filamu hii, moyo wake ulainike. Badala yake shangazi kaja kuniharibia kila kitu na kikohozi chake.

Walipoondoka wote wakinung'unika, nilianza kukusanya vikombe.

"Wote wamo," alisema baba.

"Wamo wapi?"

"Kwenye filamu zake. Hata mjomba wako, asiye na maana yoyote. Mimi je?"

Niliviweka vikombe chini. "Baba, si ulisema humtaki?"

"Nilisema simtaki. Sikusema asiniige."

Jamani, wazee! Miaka yote hii tunatembea kwa kunyata humu ndani, kumbe mwenzetu anakaa mbele ya televisheni akijitafuta. Nilijifungia jikoni nikapiga simu, hasira zimenipanda. Mdogo wangu alikuwa anabandikwa ndevu.

"Kwa nini humwigizi baba?" nilimfokea. "Ana kasoro gani?"

Nilisikia akimwomba mbandika ndevu atoke kidogo.

"Dada, huku wananiita wakitaka mtu mbaya. Nimekuwa jambazi, nimekuwa muuza dawa, sasa hakimu mla rushwa. Baba nimemweka akiba. Nangoja siku watakayonipa mtu mwema."

"Unangoja tangu lini?"

"Tangu nilipofika."

Niliwachukia watu wa huko, nisiowajua hata mmoja. Wameona kabisa kwamba mtoto wetu anaweza kuwa mtu yeyote duniani, halafu kila wakikaa kuchagua, wanachagua awe mbaya.

Nilirudi sebuleni nikamweleza baba kama nilivyoelezwa, bila kuongeza wala kupunguza. Alifumba lile jicho lake.

"Mwambie atangoja mpaka anizike," alisema. "Hata kwa jambazi mimi nitafaa. Ila jicho lenyewe ni la kushoto. Asije akafumba la kulia."

"Haya, nampigia."

"Lete hapa hiyo simu," alisema baba, mkono umeshanyooka. "Wewe utamwambia vibaya."