Gauni la Mwisho Sandukuni

Mama ni fundi cherehani. Kila mteja humpima kwa futi kamba, mabega, kifua, kiuno, huku akimtania: "Mwezi huu umekula vizuri, eh?" Akimaliza humuuliza jina, aliandike.

Mimi alikuwa hajanipima hata siku moja. Nguo zangu zilitoka sandukuni. Zilikuwa za dada, aliyekufa kwa homa akiwa na miaka kumi na sita. Kabla hajazikwa, kliniki walichukua ngozi yake kidogo, na kutokana nayo wakanitengeneza mimi, nakala yake. Nikabebwa na tumbo lilelile. Kila niliporefuka, sanduku lilifunguliwa na gauni lililofuata likatolewa. Lilinikaa kama nimeshonewa. Mama alifurahi, akaniita kwa jina la dada.

Mwaka huu gauni la mwisho, la bluu, likaanza kunibana mabegani. Nikaenda kusimama mbele ya cherehani.

"Mama, nipime."

"Nikupime ya nini? Vipimo vyako ninavyo."

"Hivyo ni vya dada."

"Umeanza ujuaji."

Mama mdogo, aliyekuwa akishona vifungo, akacheka. "Mpime tu. Mabega yamekuwa ya mbeba mizigo haya! Marehemu hakufika huku."

Mama hakucheka. Alinitazama toka utosini hadi unyayoni, kama mtu aliyekosea mlango. Nikanyoosha mikono, nikasubiri. Akaitoa futi shingoni, akaikunja, akaitia mfukoni.

Tangu hapo hakuniita jina lolote. "Wewe, lete maji."

Siku moja nilirudi nikakuta kamba ya nguo imejaa vijinguo vya kichanga. Nilivijua, ni vya sandukuni. Niliwahi kuvivaa.

"Mama mdogo, nani ana mimba?"

"Kamuulize mamako," alisema bila kuinua macho.

Mama alikuwa anapiga pasi. "Kliniki wanasema ngozi ya dada yako ilibaki," alisema. "Mimi nimezeeka, atabebwa na mwanamke mwingine. Vua hilo gauni, usije ukalipasua. Atalihitaji."

"Na mimi nivae nini?"

Akaweka pasi chini. Kisha akatoa futi mfukoni. Akanipima mabega, kifua, kiuno, taratibu, kwa adabu, bila utani, kama anampima mtu asiyemjua. Alipomaliza akachukua kalamu.

"Niandike jina gani?"